Ramani inayooteshwa kwa mti hai: je, itasomeka mti ukikua?

Mwanariwaya
Ndugu zangu, salaam. Ninaandika riwaya kuhusu chama cha kubuni cha wachora ramani ambao hawatumii karatasi wala ngozi, bali huotesha ramani zao kwa miti hai. Mwanachama hupanda mche siku anapokula kiapo, kisha huulea ushike umbo la nchi aliyokabidhiwa: matawi ndiyo mito, makovu ya gome ndiyo njia, na mafundo ndiyo vijiji. Kinachonikwamisha ni ukuaji wenyewe. Mti ukirefuka, je, alama hazitapanda juu na kuachana hadi ramani iharibike? Sipendi msomaji anayeijua miti aifunge riwaya katika sura ya pili.

Bwanamiti
Hofu ya alama kupanda iondoe. Mti hurefuka kwenye ncha zake, haunyanyui shina zima. Alama iliyokatwa leo usawa wa kifua itakuwa usawa huohuo miaka thelathini ijayo. Kinachobadilika ni unene. Chini ya gome kuna tabaka jembamba linaloongeza mbao upande wa ndani na gome upande wa nje, kwa hiyo kovu hutanuka kwa mapana huku kimo chake kikibaki palepale. Maana yake ni kwamba katika ramani yako umbali wa kutoka juu hadi chini utaaminika daima, ila ule wa kuzunguka shina utaongezeka mwaka hadi mwaka. Nakusihi usiifiche tabia hii. Wape wanachama kamba ya kupimia mzunguko wa shina, ili kila msomaji apime unene kwanza ndipo akadirie safari ya kutoka mashariki kwenda magharibi. Tena mwanagenzi asimenye gome kuzunguka shina lote, kwa kuwa miti mingi hufa kwa kutendewa hivyo. Mbuyu ni miongoni mwa michache inayoweza kuotesha gome jipya.

Mkulima wa Mlimani
Makutano ya mito nayo yanawezekana. Matawi mawili yakibanwa pamoja kwa muda mrefu, magome husuguana hadi yakalika, na mbao zikaungana zikawa kitu kimoja. Axel Erlandson wa Marekani aliunganisha miche hadi ikawa miti iliyosukwa kama vikapu, na mwaka 1947 akafungua bustani ya kuionyesha huko California. Wakhasi wa Meghalaya, kaskazini-mashariki mwa India, huelekeza mizizi ya mti wa mpira wa jamii ya mkuyu ivuke mto hadi iwe daraja, kazi ambayo huchukua miaka mingi kabla daraja halijabeba watu.

Huku kwetu Kilimanjaro, mipaka ya vihamba, yaani mashamba ya ukoo, huonyeshwa kwa masale, mimea ya majani marefu iliyopandwa kwa mstari. Ukiijua mistari hiyo ya majani, unatembea ndani ya ramani yenyewe, na mwenye kung'oa sale huwa amegusa haki ya jirani yake. Chama chako kiwe na sheria yenye uzito wa namna hiyo.

Mwana wa Katanga
Naongeza jambo moja kuhusu usomaji. Waluba wa kusini-mashariki mwa Kongo wana lukasa, ubao wa kushika mkononi uliopambwa kwa shanga na makombe ya kauri, ambao wajuzi wa chama cha Mbudye huusoma kwa kuupitishia vidole huku wakisimulia wafalme, safari na mahali patakatifu. Asiyefundwa haoni humo ila shanga. Basi mti wako usijieleze wenyewe kwa kila mpita njia. Mafundo yaguswe kwa mpangilio, na masimulizi yatoke kinywani mwa aliyefundwa.

Mwanariwaya
Nawashukuru sana. Kamba ya kupimia inaingia leo hii. Limebaki swali moja: mti wa mwasisi unakaribia kufa. Je, wanachama wanaweza kukata tawi, kulichomeka ardhini na kuiokoa ramani?

Bwanamiti
Ukiwa mkuyu, tawi nene huweza kuota. Hata hivyo, kipande hurithi aina ya mti tu, hakirithi makovu wala mikunjo ya matawi mengine. Watapata mche mtupu wa damu ileile, na itawabidi waukunje na kuukata alama upya, wakianza mwasisi angali hai au angalau mti wake ungali umesimama wa kupapaswa.