Achari ya embe inaota ukungu na vipande vinalainika, nakosea wapi?

Mkazi wa Kizota
Wakuu, naomba msaada. Kwa kilo 2 za maembe mabichi naweka chumvi vijiko 3 vya chakula, pilipili, uwatu na mafuta ya alizeti. Wiki ya pili juu panaota ukungu na vipande vinalegea. Niongeze siki? Na mvua hizi nitaanikaje?

Binti Kondoa
Chumvi ndiyo imepungua, mkuu. Kilo moja ya vipande inataka gramu 80 hadi 100, wewe umeweka kama 50 kwa kilo mbili. Changanya chumvi na manjano, funika siku 2, geuza asubuhi na jioni. Tumia bakuli la kioo au plastiki, sufuria ya alumini italiwa na asidi. Chuja, kisha anika mpaka kingo zijikunje na ukibonyeza kipande kisitoe maji.

Kulegea kunatokana na embe lenyewe. Chagua gumu, jeupe ndani. Ukiona umanjano karibu na kokwa limeanza kuiva, hilo kula na pilipili na chumvi, achari halifai.

Fundi Achari
Tazama na mafuta. Alizeti ya kukamuliwa mashine za mtaani, huku kwetu Dodoma na Singida, huwa na mashapo na unyevu. Acha yatulie, mimina ya juu tu, yachemshe mpaka povu liishe. Epua, yakibaki vuguvugu ndipo utie viungo. Yakiwa ya moto sana uwatu na pilipili vinaungua, achari inakuwa chungu. Kwa kilo moja: haradali ya kuponda vijiko 2 vya chakula, pilipili ya unga 2, uwatu kijiko 1 cha chai, siki robo kikombe. Kitunguu saumu kilowekwe kwenye siki usiku kucha. Kibichi ndani ya mafuta matupu ni hatari, kinaweza kuzalisha sumu isiyo na harufu.

Mkazi wa Kizota
Asanteni sana. Na hii iliyoota ukungu, nikwangue juu?

Binti Kondoa
Hapana, mwaga yote. Chupa mpya ichemshe na uikaushe kabisa, mafuta yafunike vipande kwa sentimita moja, na kijiko kiwe kikavu kila unapochota. Mvua hizi anika jua la asubuhi chini ya chandarua, ingiza ndani wingu likitanda, na usilaze nje, umande utarudisha maji yote.