Mwamba wenye msalaba na namba shambani kwa babu: ni mali ya Mjerumani kweli?

MjukuuWaManyoni:
Wakuu habari za jioni. Shamba la babu liko upande wa Kilimatinde, kule kwenye boma la Mjerumani. Kuna mwamba umechongwa msalaba, mshale na namba. Wamekuja jamaa watatu na ditekta, wakazunguka, mashine ikalia kweli. Wanasema chini kuna sanduku la chuma Wajerumani walilificha wakati wanakimbia Vita vya Kwanza vya Dunia, ila lina mlinzi, kwa hiyo familia itoe milioni mbili za kafara, mali tugawane nusu kwa nusu. Babu pia ana kikopo cha hela za zamani: rupia mbili za fedha za 1905 zenye mtu aliyevaa kofia yenye ndege tai juu yake, na moja ya manjano imeandikwa 20, 1916, herufi T. Wanasema rupia zikivuta punje za mchele kama sumaku ni utajiri. Baba mdogo ameshaanza kutafuta mnunuzi wa ng'ombe. Wenye uzoefu naombeni ushauri.

ChumaChakavu:
Wakilipata sanduku niite, hata kifuniko nitabeba. Mjomba wangu naye alichimba. Shimo lipo mpaka leo, shangazi anafugia bata masika.

Bikoni_Mstaafu:
Kijana, mwambie baba mdogo ng'ombe warudi zizini kwanza.

Mimi nimekula mshahara wa upimaji wa ardhi tangu ujana mpaka nastaafu. Kwa maelezo yako, huo mwamba una alama ya upimaji. Mpimaji anasimamisha chombo chake juu ya msalaba, namba ndiyo inayoandikwa kwenye kumbukumbu za ramani, na mshale ni wa kumwonyesha atakayekuja baadaye. Wajerumani walizichonga, Waingereza wakachonga, na sisi tumechonga. Nimepanda vilima na vijana wangu tukakuta nguzo ya zege imepasuliwa kwa nyundo, pembeni shimo linaloweza kummeza mtu, na manyoya ya kuku mweusi. Majirani wakija kugombania mpaka, hakuna pa kuanzia kupima. Kuing'oa alama hiyo ni kosa kisheria, na kesi itamkuta mwenye shamba, wale watatu watakuwa wameshahamia mkoa mwingine. Ditekta isiwababaishe. Inalia hata kwa kisoda.

Sasa lifikirieni hilo sanduku. Manowari za Waingereza zilifunga pwani, sarafu zikaadimika. Serikali ya Mjerumani ikaanza kuchapa noti hapa hapa nchini 1915, na kufikia 1917 wako porini wanazipiga kwa mihuri ya mpira. Hiyo 20 ya babu yako ilitengenezwa Tabora 1916, kwenye karakana ya reli pale Lulanguru, kwa shaba na maganda ya risasi. Mtu anayeyeyusha maganda ya risasi ili apate chenji, ndiye huyo huyo aliyeacha masanduku ya dhahabu kila kilima kuanzia Moshi mpaka Songea?

Kuhusu mchele: fedha haivuti kitu. Ukiona punje zimenasa, zimepakwa unga wa chuma na sumaku iko mahali. Rupia moja ina gramu 11 na ushee, fedha nzuri kabisa. Inauzika, lakini haijengi nyumba.

Nyundo_Baridi:
Shikamoo mzee. Mbona dhahabu ya Tabora si hadithi? Kuna ile sarafu ya tembo.

Bikoni_Mstaafu:
Marahaba. Hiyo ni kweli, na ni nzuri kupita maelezo: rupia 15, tembo mbele ya mlima, dhahabu ya mgodi wa Sekenke kule Iramba. Zilitoka elfu 16 na kidogo, mwaka 1916. Septemba ya mwaka huo huo Wabelgiji wakaingia Tabora, basi. Leo zinauzwa kwenye minada ya Ulaya na wenye nazo wanajulikana. Anayeamini iko moja Kilimatinde aombe kibali, maana Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 hairuhusu kuchimbachimba mabaki ya kale bila leseni. Nikimwona mganga mwenye leseni hiyo nami nitachangia mbuzi.

MjukuuWaManyoni:
Asante sana mzee. Nimewaambia familia italipa sanduku likishaonekana kwa macho. Wakasema mlinzi hapendi masharti, na sasa simu hazipatikani. Baba mdogo kaninunia. Je, hizo rupia nizisafishe kwa ndimu kabla ya kutafuta mteja?

Bikoni_Mstaafu:
Usithubutu! Ndimu, majivu, dawa ya meno, vyote weka mbali. Mkusanyaji akiona sarafu imesuguliwa anashusha bei kabla hujakaa. Funga kila moja kwenye karatasi yake. Halafu kaa na babu akueleze zilivyoingia nyumbani, kama ni ujira wa reli, upagazi au mauzo ya ng'ombe, ziliachwa na nani, na uandike kwa kalamu wakati bado anakumbuka. Kuuza kusubiri, hiyo ni mali ya ukoo mzima na shangazi zako wana neno lao.

Na kikopo kinakaa wapi, usimwambie mtu, hata humu.