Kwa nini katuni ya Batman ya mwaka 1992 haijachuja?

Swali

Habari zenu. Juma hili nimerudia kutazama Batman: The Animated Series, iliyoanza kurushwa Marekani mwezi Septemba 1992, safari hii nikiwa na binti yangu wa miaka kumi. Nilidhani angeichoka upesi kwa sababu michoro yake ni ya zamani, lakini yeye ndiye anayenihimiza tuweke kipindi kinachofuata. Katuni hii ina nini ambacho nyingi zilizokuja baadaye, zenye mitambo bora zaidi, zimekikosa?

Jibu la kwanza

Ndugu yangu, mtazameni pamoja Mr. Freeze katika kipindi kiitwacho "Heart of Ice". Hapo awali alikuwa mhalifu asiye na uzito, mwenye bunduki ya barafu tu. Mwandishi Paul Dini akampa mke, Nora, aliyegandishwa ili asubiri tiba ya ugonjwa wake, kisha akamleta mwajiri aliyelikatiza jaribio hilo kwa kuhofia gharama. Mtoto ataona mapigano, nawe utamwona mume anayeomboleza, aliyeachwa gerezani akitazama kisanamu cha mcheza densi kilichomo ndani ya kioo. Kipindi hicho kilishinda tuzo ya Emmy kwa uandishi wake, na naamini kiliistahili kabisa.

Jibu la pili

Nakubali, ila hadithi peke yake isingetosha. Mandhari ya Gotham, mji wa Batman, yalichorwa juu ya karatasi nyeusi, wazo la Eric Radomski, mmoja wa waundaji wa katuni hii, hivyo mchoraji alianza na giza na kuongeza mwanga pale tu ulipohitajika. Magari na kofia ni vya miaka ya 1940, ilhali kompyuta zimo pia. Mji usio wa mwaka wowote hauzeeki kwa urahisi.

Jibu la tatu

Msiisahau sauti. Kevin Conroy, aliyefariki Novemba 2022, alimpa Bruce Wayne, tajiri ambaye kwa siri ndiye Batman, sauti nyepesi na Batman sauti nzito ya kifuani, na mtazamaji hutambua upesi kwamba ile nzito ndiyo ya kweli. Andrea Romano, aliyewaongoza waigizaji, alipenda warekodi pamoja katika chumba kimoja, ndiyo maana Conroy na Mark Hamill, aliyeigiza Joker, adui mkuu wa Batman, husikika wakijibizana kikweli. Mwambie binti yako afumbe macho kwa dakika mbili, kisha umuulize nani alikuwa akiogopa.