Tupeane uzoefu: mwenye nyumba alikupeleka baraza la ardhi na nyumba, mkasuluhishana. Iliishaje?

Mama Saluni
Wadau asubuhi napita Tabata nimekuta godoro, kabati la vyombo na jiko vipo nje barabarani, mtoto kakaa juu ya ndoo anakula andazi wala hana habari. Nikakumbuka yangu ya 2019.

Nilikuwa na fremu (chumba cha biashara) Sinza, nimeweka taili, jipsamu na sinki mbili za kuoshea nywele. Baba mwenye nyumba akasema nimpishe mwanae afungue duka la simu, nikagoma, akanifungulia kesi baraza la wilaya eti silipi kodi (miezi miwili nilikuwa nadaiwa kweli, sidanganyi). Mara ya kwanza kesi imeahirishwa, mara ya pili wazee wa baraza hawajatimia, mara ya tatu mwenyekiti akatuangalia akasema nyie mnaweza kuyamaliza, nendeni nje mkaongee. Tukakaa benchi chini ya mwarobaini, mzee kakohoa mpaka nikamnunulia maji, tukaandika: deni limefutwa kwa ajili ya taili, nakaa miezi minne bure, tarehe 30 nakabidhi funguo. Tukarudi ndani ikasomwa kwa sauti, kila mtu akaulizwa kama kasaini kwa hiari, ikarekodiwa ikawa ndo hukumu yenyewe. Sinki nilimwambia kwa mdomo naondoka nazo, akajibu haina shida mwanangu. Siku ya funguo ananiuliza, zipo kwenye karatasi?

Kibuyu
Kwa hiyo Sinza kuna duka la simu lina sinki mbili za saluni 😂😂 pole dada

Mzee wa Kimara
Mnatusema wenye nyumba tu. Mpangaji wangu alisaini suluhu alipe deni laki moja kila mwezi, kalipa mara moja kazima simu. Ila kwa vile ilisajiliwa barazani sikuanza kesi upya, niliomba kukazia hukumu (itekelezwe kwa nguvu), dalali wa mahakama akampa notisi ya siku 14. Katoka siku ya 13 usiku na balbu zangu zote.

Dogo Manzese
Unachukua kodi ya mwaka halafu unalilia balbu

Mzee wa Kimara
Kwani nilikushika mkono uje kupanga? Kajenge

Dogo Manzese
Kiwanja unanipa wewe?

Fundi Cherehani
Acheni balbu nyie. Mimi niliezuliwa bati nikiwa NDANI. Mbagala, masika ya 2022, nadaiwa miezi mitatu. Alfajiri nasikia ko ko ko, nikajua paka, mara msumari huo umetua juu ya chandarua, kufumbua macho naona wingu na mguu wa fundi. Mke wangu akajua ni wezi akapiga kelele mtaa mzima ukaja, fundi anashuka anasema mimi nimetumwa tu mama. Mwenyekiti wa mtaa akatupeleka baraza la kata, siku hizi wao ni kusuluhisha tu hawahukumu, siku 30 zikaisha hola, tukaenda wilaya. Kule tukapatana arudishe bati ndani ya siku saba, mimi nihame baada ya miezi miwili, tusidaiane. Tukasaini ikarekodiwa. Kumbe bati zangu kashaziuza! Kaleta bati za banda la kuku, zina matundu kama chekeche. Nalalamika naambiwa hati inasema "bati", haijasema nzima.

Kibuyu
Mkuu msumari haukukupata??

Fundi Cherehani
Chandarua kilitoboka tu

Jirani Mwema
Kwani hukukata rufaa

Karani Mstaafu
Suluhu mliyoridhia wenyewe haikatiwi rufaa, labda uombe itenguliwe kwa kuthibitisha ulidanganywa au ulilazimishwa. Suluhu kurekodiwa ikawa hukumu ipo Amri ya 23 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai. Andikeni kila kitu jamani: tarehe, hela, umeme wa LUKU, maji, hata komeo.

Mpole
Mi nasema usisuluhishe, kesi iahirishwe weeee, unakaa bure

Mzee wa Kimara
Ushauri wa kishetani huu

Jirani Mwema
Si bora shetani kuliko anayeezua bati

Mzee wa Kimara
Mimi sijaezua ya mtu!!

Kibuyu
Mama Saluni hiyo fremu ipo upande gani, kesho napita Sinza kununua chaja nikaone sinki

Mama Saluni
Nikikuelekeza utanipigia picha?