Milioni 83 zimelipwa, deni limepungua milioni 5 tu: mkopo wa nyumba ni kausha damu yenye kiyoyozi

Wakuu, poleni na foleni.

Mods naomba msiunganishe uzi huu na zile nyuzi za "kupanga na kujenga kipi bora", sijaja na hilo. Nimekuja na jambo moja: kwa nini benki inakuuzia nyumba kwa bei ya rejesho la mwezi, halafu jumla ya unachokwenda kulipa mpaka mwisho haitamkwi na mtu yeyote, kuanzia mlinzi wa getini mpaka meneja wa tawi?

Kisa chenyewe. Dada yangu na shemeji walichukua mkopo wa nyumba miaka mitano iliyopita. Nyumba ya vyumba viwili, Kibada, Kigamboni. Bei milioni 125, wao wakatoa 25 walizodunduliza, benki ikaweka 100. Riba asilimia 16 kwa mwaka, muda miaka 20, rejesho 1,391,256 kila mwezi, linakatwa kwenye mshahara wa shemeji kabla hajauona. Jina la benki silitaji, msiniulize hata PM.

Sasa juzi shemeji kauza kashamba kake Mkuranga, akabakiwa na milioni 5. Akasema badala ya hela kupotelea kwenye harusi za watu, akapunguze deni. Kufika tawini, kaomba kwanza aone salio. Marejesho 60 hajawahi kuruka hata moja. Piga hesabu mwenyewe: 83,475,360 zimeshatoka mfukoni.

Salio: milioni 94.7.

Soma tena. Milioni 83 zimeondoka, deni limepungua milioni 5 na laki mbili na ushee. Dada alidhani karani kafungua akaunti ya mtu mwingine. Wakamgeuzia kompyuta aone jina lake mwenyewe, na yule binti wa kaunta akasema kwa upole kabisa, "Ndivyo mfumo unavyohesabu, mama."

Wakanitumia karatasi usiku. Nikafungua Excel nikiwa nimejiandaa kuipeleka hiyo benki mahakamani. Wakuu, hesabu yao iko sawa. Hakuna aliyeiba kitu. Na hapo ndipo hasira zikanipanda kabisa, kwa sababu mwizi ungemkamata. Hapa unakamata nini?

Ngoja nieleze kwa wasiojua, maana wengi tunasaini bila mtu kutukalisha chini. Riba ya mkopo huu inahesabiwa kila mwezi kwenye salio lililobaki. Mwezi wa kwanza salio ni milioni 100, asilimia 16 gawa kwa 12, riba ya mwezi huo ni 1,333,333. Wewe umelipa 1,391,256. Kilichogusa deni la msingi, yaani ile hela yenyewe uliyokopa, ni 57,923. Elfu hamsini na saba! Mwezi wa pili kinaongezeka kidogo, shilingi mia saba na kitu, na unakwenda hivyo hivyo. Rejesho ni lile lile miaka yote, ila ndani yake miaka ya mwanzo karibu lote ni riba, na deni lenyewe linakuja kuguswa kwa maana nywele zikiwa zimeanza mvi.

Nikaivuta hesabu mpaka mwisho. Baada ya miaka 10 watakuwa wamelipa karibu milioni 167, na bado watadaiwa milioni 83. Deni linafika nusu, milioni 50, mwishoni mwa mwaka wa 16. Mwaka wa 16 kati ya 20! Na siku ya kumaliza, jumla ya walicholipa benki ni milioni 333.9. Ongeza zile 25 za mwanzo. Nyumba ya milioni 125 imenunuliwa kwa karibu milioni 359, na hapo sijaweka ada hata moja.

Sasa hiki ndicho kinachoniuma kuliko vyote. Siku ya kuomba mkopo, shemeji aliuliza tofauti ya miaka 15 na 20. Afisa mikopo akamjibu, "Chukua 20 kaka, rejesho linakuwa dogo, unapumua." Dogo kiasi gani? Nimepiga: kwa miaka 15 rejesho lingekuwa 1,468,701. Tofauti ni 77,445 kwa mwezi. Hiyo ni hela ya bodaboda na vocha kwa mtu mwenye mshahara wa aina ile, wala isingegonga ile kanuni ya mtumishi kubakiwa na theluthi ya mshahara. Na jumla kwa miaka 15 ni milioni 264.4. Yaani ile "kupumua" ya elfu 77 kwa mwezi inawagharimu milioni 69 na nusu. Wangeweza miaka 10? Rejesho 1,675,130, jumla milioni 201. Labda hapo wangebanwa, sibishi. Lakini mtu alikuwa na haki ya kuwekewa namba hizi tatu kwenye karatasi moja, aziangalie, alale nazo, kesho achague. Alichowekewa mezani ni kipeperushi chenye picha ya familia inacheka barazani.

Tuje kwenye zile milioni 5 sasa, maana huku ndiko nilikoishiwa na adabu.

Shemeji kalipa. Risiti kapewa. Siku chache baadaye anauliza salio la deni, halijasogea. Kumbe zile hela zimewekwa kama marejesho ya mbele! "Mzee umeshalipia miezi mitatu na zaidi, pumzika." Apumzike nini? Mtu kasema waziwazi anataka kupunguza deni. Milioni 5 ikiingia kwenye deni la msingi leo, salio linashuka mpaka 89.7, na kwa rejesho lile lile mkopo unaisha marejesho 31 mapema. 31 mara 1,391,256 ni zaidi ya milioni 43. Ikikaa kama malipo ya mbele, inaliwa ndani ya miezi mitatu na nusu kama rejesho la kawaida, na riba inaendelea kuhesabiwa kama vile hakuna aliyekuja. Hela ile ile, dirisha lile lile. Kisanduku gani karani ametiki ndicho kinachoamua kama familia inaokoa zaidi ya milioni 38 (hizo 43 toa ile 5 aliyolipa) au haiokoi kitu. Na hakuna aliyemuuliza!

Mkataba nao nimeusoma. Kuna kifungu kinachosema benki inaweza kubadili riba kulingana na hali ya soko. Kwao haijaguswa bado. Ila jaribu kuwaza ipande kutoka 16 mpaka 18 leo. Riba ya mwezi kwenye salio la milioni 94.7 inakuwa 1,420,905. Rejesho lao ni 1,391,256. Yaani rejesho zima halitoshi kulipa hata riba, deni linaanza kupanda huku unalipa! Ili umalize kwa muda ule ule, rejesho lazima lifike kama 1,525,500. Na hizi riba hazijatulia kama mnavyodhani. Wazee wa humu wanakumbuka mwaka 2010, wakati kampuni ya TMRC inaanzishwa ili benki zipate fedha za muda mrefu za mikopo ya nyumba, riba ilikuwa 22 mpaka 24. Imeshuka kweli, tunashukuru, lakini kilichoshuka hupanda.

Gharama za pembeni nazipita haraka. Ada ya kuandaa mkopo, mthamini, mwanasheria, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya moto inayolipwa kila mwaka. Ada za benki zina ushuru wa asilimia 10 na VAT asilimia 18. Pango la ardhi. Kodi ya jengo kwenye LUKU, ambayo mwaka 2021 ilianza kwa 1,000 kwa mwezi na 2023 ikawa 1,500, hiyo wala sio tatizo. Tatizo la Kigamboni ni chumvi. Mabati, magrili, vitasa, upepo wa bahari unavila, na miaka 20 hupaki rangi mara moja. Hayo yote ni yako, benki haipaki rangi.

Kuna mtu atasema mikataba ilikuwa wazi, mlisaini. Sawa. Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka mwenza aridhie nyumba ya familia inapowekwa rehani, kwa hiyo dada aliitwa, akakalishwa, akaelezwa vizuri kabisa kwamba wakishindwa kulipa watapewa notisi ya siku 60 na nyumba inaweza kuuzwa. Hilo alielezwa kwa kituo na mkato. Jinsi ya kunyang'anywa nyumba kuna mwanasheria wa kukufafanulia, ila kwamba utalipa milioni 334 kwa mkopo wa 100 hakuna hata mtu mmoja wa kulitamka. Na BoT (Benki Kuu) ina kanuni za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha tangu 2019, zinataka mteja apewe taarifa za gharama na masharti kabla ya kusaini. Kwenye faili la shemeji ratiba ya marejesho ipo, ndiyo, imebanwa nyuma kabisa, kurasa nyingi za namba ndogo ndogo bila jumla chini. Jumla hawakuweka! Kompyuta inayojua kuhesabu riba mpaka senti imeshindwa kujumlisha safu moja?

Wale mnaofanya kazi vitengo vya mikopo, na najua mmo humu, nijibuni hili tu: afisa anapimwa kwa nini? Kwa idadi na ukubwa wa mikopo aliyotoa, au kwa mteja kuelewa alichosaini? Maana nikijua hilo nitaelewa kwa nini kila mtu anashauriwa miaka 20.

Nawasilisha.

NYONGEZA: Mkuu aliyeandika "angepanga angelipa kodi miaka 20 na asiambulie hata tofali", nimekuelewa na hujakosea. Sijasema watu wasikope. Dada ana nyumba yenye hati, hafukuzwi na mwenye nyumba, hadaiwi kodi ya miezi sita kwa mkupuo wala hela ya dalali. Ninachosema ni kwamba ulinganisho wa kodi ufanywe na namba ya milioni 359 pamoja na rangi na mabati, usifanywe na 1,391,256 ya mwezi.

NYONGEZA 2: Aliyesema shilingi ya miaka 20 ijayo itakuwa haina thamani, kwa hiyo rejesho litakuwa kama bure. Mfumuko wa bei wetu miaka hii unacheza kwenye asilimia 3. Riba ni 16. Toa moja kwenye nyingine uone nani anakimbia na nani kakaa. Ingekuwa mfumuko ni 15 ningekuunga mkono.

NYONGEZA 3: Kuna dada kauliza kuhusu taasisi iliyomwambia riba "asilimia 12 tu" akashangaa kwa nini mimi nalalamikia 16. Uliza kama ni flati. Flati wanahesabu riba kwenye mkopo wa mwanzo muda wote, hata ukibakiza laki moja unatozwa kama unadaiwa milioni 100. Milioni 100 kwa miaka 10 kwa flati ya 12 ni rejesho 1,833,333. Kwa riba ya asilimia 18 inayohesabiwa kwenye salio lililobaki, ni 1,801,852. Hiyo 12 yako ni ghali kuliko 18, dada yangu. Kimbia.

NYONGEZA 4: Mnaoniuliza PM shemeji kafanya nini. Kaandika barua, nakala mbili, moja kagongewa muhuri akaondoka nayo. Barua inasema: milioni 5 iliyolipwa tarehe fulani ihamishwe yote kwenye deni la msingi, rejesho libaki lile lile, muda upungue, na apewe ratiba mpya. Hilo la "muda upungue" liandikwe, la sivyo wanaweza kukupunguzia rejesho na kukuachia miaka ile ile. Na kabla ya kulipa angalia kama mkataba wako una adhabu ya kulipa mapema. Wa kwake hauna. Wasipojibu, hatua inayofuata ni dawati la malalamiko la BoT, na nakala ya barua yenye muhuri ndiyo watakayoiomba kwanza.