Tupeane uzoefu: ng'ombe wanaongezeka, je, kilo za nyama nazo?

Wafugaji wenzangu, naomba tuelezane kwa uwazi tuliyoyaona katika ufugaji wa ng'ombe wa nyama hapa Tanzania. Nchi yetu ina ng'ombe zaidi ya milioni 30, na kwa miaka mingi nyama inayozalishwa imekuwa ikipanda, lakini imepanda zaidi kwa sababu ya wingi wa mifugo kuliko uzito wa kila mnyama. Jambo hili linaniuma kwa kuwa nimelishuhudia zizini kwangu, Kishapu. Mwaka 2012 nilikuwa na ng'ombe 40; kufikia 2019 walikuwa 71, ilhali madume niliowapeleka mnadani, wenye umri wa miaka mitano au sita, hawakuzidi kilo 220 wakiwa hai, na zebu wetu wa asili, yule ng'ombe mwenye nundu, akichinjwa hubaki takriban nusu ya uzito huo, mifupa ikiwemo. Malisho hayakuongezeka hata kidogo. Ninyi mmeona nini, na mmebadilisha nini?

Mchangiaji wa Longido
Ndugu yangu, usiwalaumu upesi wenye makundi makubwa. Ukame wa 2009 ulipotukumba, marehemu baba alikuwa na ng'ombe 120 tukabaki na 34, na ni hao 34 waliotuinua tena. Jirani aliyeanza na 15 hakubakiwa na kitu. Mfugaji anayeishi kwa kuhofia ukame hutunza idadi kama akiba. Hata hivyo, wale 86 walikufa wakiwa mifupa mitupu, nyama ambayo haikumfikia mlaji yeyote. Tangu hapo nauza madume mara baada ya masika, wakiwa bado wamenona, nami hubakiza majike na fahali wawili.

Mchangiaji wa Shinyanga
Mimi nilianza kunenepesha mwaka 2017, kwa madume 10 wa miaka mitatu niliowanunua kwa wastani wa kilo 210. Wiki ya kwanza niliwapa dawa ya minyoo, nikawaogesha kuua kupe, kisha nikawazoesha kidogo kidogo mashudu ya pamba (makapi ya mbegu zilizokamuliwa mafuta), pumba za mahindi na molasi (masalia mazito ya kiwanda cha sukari), pamoja na majani makavu na chumvi. Awamu hiyo ya kwanza nilipoteza dume mmoja kwa kuharakisha molasi, nami nawasihi msirudie kosa hilo. Baada ya siku 90 waliobaki walifika wastani wa kilo 268, yaani zaidi ya nusu kilo kwa siku, kwa ng'ombe wale wale wa asili ambao watu husema hawakui. Niliyajua haya kwa sababu nilikuwa na mizani. Mnadani, dalali akikadiria kwa macho, kilo ulizoziongeza kwa gharama yako zinaweza kupotea zote kwa neno moja la mnunuzi. Kasoro nyingine ni bei ya mashudu, ambayo hupanda pamba ikiadimika. Mwaka ambao hesabu haikubali, mimi sinenepeshi.

Mchangiaji wa Dar es Salaam
Nina bucha. Ng'ombe mzee aliyesafiri siku mbili ndani ya lori hufika amepungua, na nyama yake ni ngumu. Wateja wa hoteli huikataa. Kila nikipita Kawe, kwenye viwanja vya Tanganyika Packers, hukumbuka kwamba kiwanda kile cha mwaka 1947 kilisindika nyama ya makopo, na nasikitika kuona jina limebaki bila kiwanda. Nileteeni dume wa miaka mitatu aliyelishwa vizuri, nitamlipia zaidi kwa kila kilo.

Mwanzisha mada
Nawashukuru sana. Ndugu wa Longido, nimekuelewa kuhusu akiba. Madume wangu sita wametimiza miaka mitatu mwezi huu, nami sitawangoja wafike mitano. Ndugu wa Shinyanga, tafadhali nieleze: siku ya kwanza ya molasi ulimpa kila dume kiasi gani, na uliongeza baada ya siku ngapi?