Tupeane uzoefu: Vita vya Kagera, nyumbani kwenu walitoa nini? (Tabora na Kigoma karibuni)

Mjukuu wa Ng'ambo (mleta mada)

Wakuu, habari za Jumapili.

Wiki iliyopita tulimaliza arobaini ya bibi, tukaanza kugawana vyombo. Nyumba yake ipo Ng'ambo, hapa Tabora mjini. Chini kabisa ya sanduku la bati, pamoja na kadi ya TANU na cheti cha kisomo cha watu wazima, nikakuta stakabadhi imekunjwa mara nne. Wino umepauka lakini unasomeka: "Mbuzi 1 (dume). Mchango wa vita." Desemba 1978. Penye sahihi ya mpokeaji mende wameshapitia.

Bibi alikuwa msimuliaji hasa, lakini huyo mbuzi hakuwahi kumtaja. Shuleni tulifundishwa Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin wa Uganda yalivyoingia Kagera, daraja la Kyaka lilivyovunjwa, Mwalimu alivyotangaza kuwa uwezo, sababu na nia ya kumpiga tunavyo, hadi Kampala ilipoanguka Aprili 11, 1979. Hakuna mwalimu aliyenifundisha habari za mbuzi.

Kwa hiyo nauliza wenye umri, na wenye wazee waliosimulia: kwenu kilitoka nini? Ya zizini na ya jikoni ndiyo nayatafuta. Nawasilisha.

Bi Mstaafu

Pole kwa msiba mwanangu, Mungu amlaze bibi pema.

Mimi nilikuwa darasa la sita, tunakaa karibu na stesheni. Tabora ndipo reli inapogawanyika, moja inakwenda Kigoma, nyingine Mwanza. Wanajeshi na mgambo waliotoka Dar na Dodoma walipita hapa kwenda Mwanza, kisha meli hadi Bukoba. Treni ilikuwa haitangazwi. Mnasikia tu honi usiku, balozi wa nyumba kumi anapita kugonga milango, akina mama wanatoka na vikapu.

Vyakula vyenyewe vilikuwa karanga za kukaanga, michembe na matobolwa. Kwa wasiojua, hivyo ni viazi vitamu vilivyokaushwa, michembe vibichi na matobolwa vikiwa vimeshachemshwa. Ukivitia mfukoni vinakaa mwezi na havitaki moto. Sisi watoto tulikuwa wepesi, tukapewa kazi ya kukimbia pembeni ya behewa na kurusha dirishani.

Sasa siku moja mama alikuwa amefunga matobolwa kwenye kipande cha khanga, akanisisitiza: "Wape, kitambaa urudi nacho." Nikampa askari mmoja kijana sana, nadhani hakunizidi hata miaka minane. Kabla sijadai kitambaa, treni ikaondoka. Nilichapwa. Wala msimlaumu mama. Baada ya vita, tulipoambiwa tufunge mikanda miezi 18, khanga ilikuwa kitu cha kupanga foleni tangu alfajiri, na kila tukipanga alinikumbusha kile kipande. Kaenda nacho kaburini.

Mtu wa Kibirizi

Nyie Tabora mliwapa wanajeshi matobolwa, ndiyo maana walikimbilia Kampala, walikuwa wanatafuta maji ya kunywa 😂

Utani pembeni. Huku Kigoma kilichotoka ni dagaa, magunia kwa magunia, yakapakiwa treni ya kwenda Tabora. Marehemu baba alikuwa na kipe kimoja, chombo cha kuvulia dagaa, pale Kibirizi. Lakini tatizo halikuwa kutoa dagaa, tatizo lilikuwa kuwapata. Dagaa wa Tanganyika wanavuliwa usiku wa giza kwa karabai, na karabai haiwaki bila mafuta ya taa. Mafuta yalipoanza kwenda kwenye magari ya vita na mengine kupotea njiani tusikojua, vipe vililala mchangani. Baba alikuwa akisema yeye mchango wake ulikuwa giza. Alikaa nyumbani usiku kucha anasikiliza ziwa, dagaa wapo, mbalamwezi haipo, na hana taa.

Sabuni ilipotoweka madukani hatukuteseka kama nyie. Mawese yalikuwepo, majivu yalikuwepo, mama akapika sabuni nyumbani. Nyeusi, inanuka, lakini inatoa uchafu. Watu wa reli walikuwa wanainunua wanapeleka kwenu.

Bi Mstaafu

Kweli kabisa, tuliinunua. Wasioweza tulifulia majani ya mpapai.

Mzee wa Genge

Nilikuwa kibarua wa njia ya reli, upande wa Urambo na Kaliua. Kazi yetu mataruma, kokoto na kukaza misumari. Vita vilipoanza njia ilibeba mizigo ambayo haikuzoea. Masika ya mwaka ule tuta linakatika, tunaamshwa saa nane usiku, tunatembea na taa ya mkono hadi mahali, tunajaza kokoto kwenye mvua, alfajiri treni inapita taratibu juu ya kazi yetu. Askari wanatupungia. Wengine wanaimba.

Treni za jeshi zilipewa njia kwanza. Abiria wa Kigoma walilala stesheni siku mbili tatu, na sikumsikia mtu akitukana. Malipo ya ziada niliyahesabu mwenyewe kwenye daftari, nikampelekea msimamizi. Akanijibu kuwa huo ndio mchango wetu. Nikamuuliza na wake uko wapi, akacheka. Basi.

Daftari ninalo hadi leo. Mleta mada, wewe una stakabadhi, mimi nina daftari.

Kijana wa Nzega

Naomba niseme kitu ambacho hakitapendwa.

Neno "mchango" tulitumie kwa adabu. Kwetu babu alikuwa na ng'ombe kumi na wawili. Kiongozi wa kata alikuja na orodha imeshaandikwa, jina la babu lina ng'ombe watatu mbele yake. Hakuulizwa. Walipokwenda akasomewa stakabadhi, ikawa ya ng'ombe wawili. Yule wa tatu alikwenda vita gani mpaka leo hatujui.

Na hili halikuanza 1978. Baba yake babu alikamatwa upagazi wakati wa vita vya Mjerumani, kabla Wabelgiji hawajaichukua Tabora Septemba 1916. Alifungwa kamba na wenzake, akabeba mzigo wa risasi za watu ambao ugomvi wao hakuujua. Alirudi bila vidole viwili vya mguu. Yeye naye tumwandike kwamba alichangia?

Bi Mstaafu

Mwanangu, usivichanganye. 1916 ilikuwa vita ya wenye kutumiliki. 1978 tulivamiwa. Mama yangu hakufungwa kamba na mtu, alitoka usiku mwenyewe.

Kijana wa Nzega

Mama nakuheshimu, shikamoo. Tofauti naiona. Ninachosema, waliotoka wenyewe walikuwepo na waliotolewa walikuwepo, na karatasi zote zimeandikwa neno lile lile.

Mzee wa Genge

Hapo kijana kasema. Mimi nilikuwa wote wawili kwa usiku mmoja. Natoka kitandani namlaani msimamizi, nikifika kwenye tuta nafanya kazi kwa moyo.

Binti wa Urambo

Yangu fupi. Mama alikuwa ndiye msomaji wa barua kijijini, ana darasa la saba. Barua za wanajeshi zilikuja chache na zimechelewa, akina mama wanajaa uani kwetu. Anasema barua nyingi zilikuwa salamu tupu, fulani msalimie, fulani msalimie, jembe langu msimwazime mtu. Mmoja aliandika kwamba rafiki yake wa kijiji hicho hicho ameumia mguu. Mama yake huyo rafiki alikuwa amekaa hapo hapo mkekani. Mama yangu akaruka ule mstari. Jioni akamfuata nyumbani kwake akamweleza wakiwa wawili. Hakuna aliyempa stakabadhi ya hilo.

Mtu wa Kibirizi

Niongezee. Kigoma tumechangia hata vita visivyo vyetu. Mwishoni mwa 1996 Wakongo wanavuka ziwa kwa mitumbwi, wamejaa hadi maji yanachungulia ndani. Nilikuwa na miaka kumi na moja. Kabla ya lori lolote la msaada kufika, mama alikuwa ameshasonga ugali sufuria tatu. Tulilala njaa sisi, na nilinuna kwelikweli.

Mjukuu wa Ng'ambo (mleta mada)

Wakuu asanteni, nimesoma yote mara mbili.

Baada ya maneno ya Kijana wa Nzega nilimuuliza mama: bibi alitoa au alitolewa? Kumbe mbuzi yule alikuwa wa nadhiri. Mjomba wangu mkubwa aliondoka na mgambo Novemba ile, bibi akaapa akirudi salama atachinjiwa dume. Mwezi mmoja baadaye balozi akaja kukusanya. Kwa mujibu wa mama, bibi alimwambia: "Mbuzi ni wa mwanangu, na mwanangu yuko huko. Mpeleke, labda wataonana." Alitoa kwa hiari au alishindwa kukataa, mama mwenyewe hajui, alikuwa mdogo.

Mjomba alirudi 1979, mzima, akachinjiwa kuku. Alilalamika miaka.

Leo yuko Sikonge anafuga nyuki. Jana nimempigia, nikamsomea ile stakabadhi neno kwa neno. Akanyamaza kidogo, halafu akauliza kama wameandika rangi. Nikasema hapana. Akasema, "Alikuwa mweusi, sikio moja jeupe. Andika hapo chini."

Nimeandika kwa penseli.